Hakuna Kosa

Siku ya kwanza kazini nilipewa kiti kibovu,
kompyuta yenye vumbi la lozi,
na orodha ya madereva kumi na saba.
"Waandikishe," bosi akasema, mdomo umejaa mkate.
"Jimbo lina jicho lake. Sisi tunalikodi."

Nikaandika. Herufi moja, tarakimu saba,
jina lilivyo kwenye leseni, si mama alivyoliita.
Nicanor Bustos, abebaye nyanya Agosti nzima na hali nyanya.
Tou Ger Xiong, alalaye ndani ya lori hata akiwa kwake.
Delmiro Avila, aliyeuliza mara tatu
kama jicho hilo linaona mpaka baa.
Haliangalii uingiapo, nikamjibu. Linaangalia utokapo.

Gurnek Sahota alitia saini bila kusoma,
akafika mlangoni, akarudi, akasoma yote,
kidole chini ya kila mstari.
"Kwa hiyo nikikosea, barua inakuja kwako?"
Inakuja kwangu.
"Na nisipokosea?"
Mara moja kwa mwaka, karatasi. Inasema hakuna kosa.
"Hiyo," akasema, "nitaijia."

Na aliijia. Miaka tisa, kila Machi,
mikono imenawa, akaomba nakala.
Barua za wengine zilikuja bila kuitwa, na zina meno:
Bustos, taa nyekundu mjini Fresno;
Avila, ile ile aliyoiogopa,
leseni imesimamishwa, nami nikatia funguo zake
kwenye droo ya bosi, zingali na joto la mfuko.
Sahota: tupu. Tupu. Tupu.

Nilimuuliza anazipeleka wapi.
"Kwa Parsin." Mkewe. "Anazibandika juu ya jiko.
Anasema ndiyo shahada pekee niliyosomea."

Hazikusema, karatasi hizo, lolote juu ya ukungu wa Desemba,
saa nne nzima akimwongoza kwa taa zake za nyuma
mtu asiyemjua hata jina,
wala juu ya ndama aliyemtoa lamini kwa kumkumbatia.
Daftari la jimbo lina safu ya tarehe,
safu ya kosa, safu ya kifungu.
Wema hauna namba ya kifungu.

Oktoba macho yalimshinda, akastaafu.
Sheria inataka afutwe: fomu ile ile,
alama kwenye kisanduku kingine.
Nikaiweka chini ya kikombe, nikasema kesho.
Kesho ikala miezi mitano.
Nilitaka, nadhani, karatasi moja zaidi.

Machi bahasha ikaja, nene kuliko desturi.
SAHOTA, G. Mwendo: maili tisini na nne kwa saa.
Barabara ya tisini na tisa, kuelekea kaskazini. Gari dogo.
Tarehe sita Februari, saa nane na dakika arobaini usiku.

Tarehe sita.
Ninayo kwenye jokofu langu, kwenye kadi yenye picha ya Parsin:
mazishi Jumamosi, kisha chakula kwenye gurdwara.
Nilikwenda. Alinimiminia chai mwenyewe,
akauliza bei ya nyanya, akauliza hali ya Bustos.
Hakuna safu ya aliyelazwa kiti cha nyuma.

Nikaitoa fomu chini ya kikombe, ina duara la kahawa.
Nikatia alama. Sababu, inauliza.
Amemaliza kazi, nikaandika.
Barua ile sikuiingiza kwenye faili, wala sikumpelekea.
Imo mkobani mwangu, katikati ya risiti.

Jioni, taa zimezimwa, nikapiga hesabu mgongoni mwa bahasha.
Livingston hadi Modesto kwa mwendo ule: dakika kumi na sita.
Kwa mwendo wa sheria: ishirini na tatu.
Alikuwa ameiba saba.
Askari alipomsimamisha pembeni, akaomba leseni,
akaandika polepole kwa mwandiko mzuri,
alizirudisha ngapi, karatasi haisemi.